Rimu za gari dogo: pima kwanza, lipa baadaye

Rimu ikipita kwenye stadi (vyuma vyenye uzi ambavyo nati hukazwa juu yake) na nati zikashika, wengi huhesabu kazi imekwisha. Halafu gari linatoka Nakuru kuelekea Mau Summit na usukani unaanza kutetemeka kwenye kilomita 90 kwa saa. Au abiria watatu wanapanda nyuma na tairi linaanza kusugua madigadi kila tuta. Rimu hiyo iliingia, lakini haikukaa. Kuingia na kukaa vinatofautishwa na vipimo vichache ambavyo mwenye gari anaweza kuvichukua mwenyewe nyumbani kwa utepe na mbao iliyonyooka, kabla hajatoa hata shilingi moja.

Mwongozo huu unalenga magari madogo yaliyojaa barabara zetu: Axio, Premio, Allion, Impreza, Tiida, Axela, Mark X, pamoja na yale machache ya Ulaya. Tunachukulia pia kwamba unanunua rimu zilizotumika kutoka Japani, zile zinazopangwa mbele ya maduka ya spea Nakuru na Kisumu. Ni hapo makosa huzidi, kwa sababu muuzaji mara nyingi hajui rimu ilivuliwa gari gani, na jibu lake kwa kila swali ni "hii inaingia".

Utahitaji utepe wa kupimia wenye milimita, mbao iliyonyooka au pima maji ya fundi mwashi, timazi, tochi, brashi ya waya na kipande cha chaki. Ukipata vania (kipimio cha taya mbili cha mafundi) ya kuazima, vizuri zaidi, maana tundu la katikati halipimiki sawasawa kwa utepe.

Hatua ya 1: Anza na gari, soko baadaye

Fungua mlango wa dereva usome kibandiko kwenye nguzo. Kina saizi ya tairi ya kiwandani na upepo wake. Magari ya Japani huandika upepo kwa kPa: 220 ni kama psi 32, na 230 ni kama psi 33. Andika saizi hiyo. Usiandike iliyo kwenye tairi lililovaliwa sasa, maana mwenye gari aliyekutangulia huenda alibadilisha.

Kisha vua gurudumu moja la mbele na moja la nyuma. Egesha mahali tambarare, vuta breki ya mkono, zuia magurudumu mengine kwa mawe, legeza nati gari likiwa bado chini, ndipo uinue kwa jeki. Usiingize mwili chini ya gari lililoshikwa na jeki peke yake. Geuza rimu utazame mgongo wake: kwa kawaida kuna maandishi yaliyochorwa kwenye chuma, kama 15X6J na 45. Hiyo ni inchi 15 za kipenyo, inchi 6 za upana, na ofseti ya milimita 45, ambayo mara nyingi huandikwa ET45. Piga picha.

Usiishie gurudumu la mbele. Breki za mbele na za nyuma hazifanani, na rimu inayopita nyuma kwenye drumu ya breki huenda ikagonga kalipa ya mbele, yaani kibanio cha pedi za breki.

Hatua ya 2: PCD

PCD ni kipenyo cha duara linalopita katikati ya stadi zote. Kwenye stadi 4, pima kutoka ukingo wa kushoto wa stadi moja hadi ukingo wa kushoto wa ile inayoielekea. Hicho ndicho kipimo chenyewe, 100 au 114.3. Axio na Fit ni 4x100, yaani stadi 4 na PCD ya milimita 100, Tiida ni 4x114.3.

Stadi 5 ndizo huwapoteza watu, kwa sababu hakuna stadi inayoielekea nyingine moja kwa moja. Chagua stadi moja, ruka inayofuata, upime hadi ya tatu, katikati hadi katikati. Ukipata milimita 95.1, PCD ni 100. Ukipata 106.5 ni 112, na 108.7 ni 114.3. Ukipata 114.1 usifurahi ukidhani umeona 114.3: hiyo ni 120, PCD ya BMW nyingi za miaka ya nyuma. Kosa hilo ni rahisi sana kulifanya sokoni ukiwa na haraka.

Premio na Allion za toleo la T240 na T260 ni 5x100, sawa na Impreza. Mark X, Camry, Crown, Axela na Galant Fortis ni 5x114.3. Volkswagen kama Jetta na Passat, pamoja na Mercedes, ni 5x112.

Hatari kubwa iko kati ya 112 na 114.3, kwa kuwa tofauti yake ni milimita 2.3 tu. Nati zitashika, na fundi mwenye mkono mzito atazikaza hadi zitulie. Lakini stadi zinakuwa zimevutwa kando, nati haikai kwenye kiti chake chote, na baada ya siku chache za mashimo zinaanza kulegea zenyewe. Stadi ikikatika barabarani haitoi onyo. PCD isipolingana kamili, rimu hiyo si ya gari lako, hata ikiuzwa nusu bei.

Ukikuta rimu yenye matundu 8, usiishangae. Kuna zinazotengenezwa hivyo kiwandani ili zishike 4x100 na 4x114.3. Ya kuogopa ni yenye matundu ya zamani yaliyozibwa kwa weldingi na mengine yaliyotobolewa upya pembeni.

Hatua ya 3: Tundu la katikati

Katikati ya habu, yaani kitovu cha gari ambacho rimu hufungwa juu yake, kuna mdomo wa duara unaochomoza. Tundu la rimu linapaswa kuuvaa mdomo huo bila kucheza, maana ndio unaoiweka rimu katikati kabla nati hazijakazwa. Toyota ndogo kama Axio, Vitz na Premio zina mdomo wa milimita 54.1. Impreza na Honda Fit ni 56.1. Mark X na Camry ni 60.1, Tiida ni 66.1, Axela na Galant Fortis ni 67.1. Volkswagen ni 57.1, na Mercedes ni 66.6.

Kanuni ni moja: tundu la rimu likiwa kubwa kuliko mdomo wa habu, kuna dawa, likiwa dogo, hakuna. Rimu ya Impreza yenye 56.1 huingia kwenye Premio, kwa kuwa PCD ni ile ile, na pengo la milimita moja kila upande huzibwa kwa ringi ya habu. Ukigeuza, rimu ya Premio yenye 54.1 haipiti kwenye habu ya Impreza. Kuna mafundi watakaokwambia wataipeleka kwa mashine ya leithi ipanuliwe. Kazi hiyo inawezekana mikononi mwa mtu makini, lakini ikipanuliwa pembeni kidogo tu, rimu haitabalansika tena maisha yake yote.

Rimu za soko la jumla, zisizo za gari maalumu, mara nyingi hutoka na tundu la 73.1 ili zifae magari mengi. Hizo zinahitaji ringi. Nunua ringi yenye vipimo vyote viwili, kwa mfano 73.1 nje na 54.1 ndani, na ikiwezekana iwe ya aluminiamu. Ringi za plastiki rahisi hulainika kwa joto la breki, na anayeshuka kutoka Kericho kuelekea Awasi na Ahero akiwa na mzigo anajua breki hupata joto la kiasi gani. Ringi ikishajikunja, mtetemo uliouondoa unarudi, na utamlaumu fundi wa balansi bure.

Hatua ya 4: Nati na kiti chake

Hapa wengi hupita mbio. Nati ina mambo mawili: uzi na kiti.

Uzi kwanza. Toyota, Honda, Mazda na Mitsubishi ndogo hutumia M12x1.5: stadi yenye unene wa milimita 12, na kila mzunguko wa nati husogea milimita 1.5. Nissan na Subaru hutumia M12x1.25. Kwa macho zinafanana. Nati ya 1.5 ukiiweka kwenye stadi ya Subaru itaingia mzunguko mmoja au miwili kwa vidole, kisha itakwama, na hapo ndipo mtu huchukua bunduki ya upepo, ile mashine ya kukazia nati, na kuua uzi wa stadi. Nati yoyote isiyoingia kwa vidole hadi igote, itoe uikague.

Kiti ni pale nati inapogusa rimu. Kuna cha koni, chenye mteremko wa digrii 60, ambacho rimu nyingi za soko la jumla hutumia. Kuna cha mviringo kama mpira, ambacho Honda za kiwandani, Volkswagen na Mercedes hutumia. Na kuna cha bapa chenye washa na shingo inayoingia ndani ya tundu, utakachokikuta kwenye baadhi ya rimu za aloi za Toyota kutoka kiwandani. Ukiweka nati ya koni kwenye kiti cha mviringo, zinagusana kwenye mstari mwembamba tu wa duara. Nati inahisi imekaza, lakini baada ya kilomita chache aloi inabonyea, na ule mkazo wote unapotea. Kwa hiyo unaponunua rimu ulizia nati zake zilizokuja nazo. Kama hazipo, ingiza kidole kwenye tundu uhisi umbo la kiti, kisha ununue nati za umbo hilo na uzi wa gari lako.

Mwisho, hesabu mizunguko. Nati ishike uzi kwa urefu usiopungua unene wa stadi. Kwa M12x1.5 hiyo ni mizunguko 8 kamili, kwa M12x1.25 ni karibu 10. Rimu za aloi huwa nene kuliko za chuma pale kwenye stadi, kwa hiyo nati iliyozunguka mara 10 kwenye rimu ya zamani huenda ikazunguka mara 6 kwenye mpya. Sita hazitoshi.

Hatua ya 5: Upana na ofseti

Hiki ndicho kiini cha kazi yote, na ndicho ambacho hakionekani kwa macho dukani.

Ofseti ni umbali kati ya mstari wa katikati wa upana wa rimu na uso unaogusana na habu. Magari madogo ya Japani yanayovutwa na magurudumu ya mbele kwa kawaida huwa na ofseti chanya, takriban 35 hadi 55. Namba ikipungua, gurudumu linatoka nje. Ikiongezeka, linaingia ndani kuelekea shoki.

Kama rimu haina namba, ipime. Ilaze kifudifudi juu ya kadibodi, mgongo ukitazama juu. Weka mbao iliyonyooka ikivuka kingo zote mbili, kisha ingiza utepe kutoka kwenye mbao hadi kwenye uso wa habu. Tuseme unapata milimita 134. Sasa pima upana wote wa nje wa rimu, ukingo hadi ukingo: tuseme 178. Nusu yake ni 89. Toa 89 kwenye 134, unabaki na 45. Hiyo ni ET45. Usishangae kwamba rimu hiyo ya 178 imeandikwa 6J, yaani milimita 152: upana wa kiwanda hupimwa ndani, pale tairi linapokaa, na kingo huongeza takriban inchi moja.

Baada ya hapo linganisha. Rimu ya zamani ni 6J ET45, unayoitamani ni 7J ET35. Upana umeongezeka inchi 1, yaani milimita 12.7 kila upande. Ofseti imepungua kwa 10. Ukingo wa nje wa rimu utatoka kwa 12.7 na 10, jumla 22.7. Ukingo wa ndani utasogea kuelekea shoki kwa 12.7 toa 10, yaani 2.7. Ubavu wa tairi nao huhesabiwa kwa upana wa tairi lenyewe: ukitoka 195 kwenda 215, ni milimita 10 kila upande, ongeza zile 10 za ofseti, ubavu wa nje unatoka kwa 20.

Je, una milimita 20 za kutoa? Rudisha gurudumu la zamani, shusha gari, na uning'inize timazi kutoka ukingo wa madigadi juu kabisa ya tairi. Pima kutoka uzi wa timazi hadi ubavu wa tairi. Ukipata 15, tairi jipya litachomoza milimita 5 nje. Halitakwaruza gari likiwa tupu. Litakwaruza siku ya harusi, watu wakiwa watano na buti limejaa, na litarusha mawe na matope ubavuni mwa gari msimu wote wa mvua. Kisha geuza usukani ukaangalie ndani kwa tochi: kati ya tairi na shoki kunapaswa kubaki angalau milimita 5 baada ya hesabu zako zote.

Ushauri wetu ni ubaki ndani ya milimita 5 ya ofseti ya kiwandani, na usizidi 10 hata kama nafasi ipo. Sababu haiishii kwenye madigadi. Gurudumu likitoka nje, uzito wa gari unaikalia beringi kwa pembe mbaya, usukani unavuta kila shimo linapogongwa upande mmoja, na beringi huanza kulia mapema.

Spesa, yaani vipande bapa vya kuweka kati ya rimu na habu, hurekebisha ofseti kwenye makaratasi. Zile nyembamba zinazowekwa tu juu ya stadi hula uzi wa nati, na ukishahesabu mizunguko yako 8 utaona hazikuachii kitu. Kama huna budi, ziwe za kufungwa kwa nati zake zenyewe na zenye mdomo wa habu. Bora zaidi ni kutafuta rimu yenye ofseti sahihi.

Hatua ya 6: Kipenyo, na mashimo yetu

Ukipandisha rimu kutoka 15 hadi 16, ubavu wa tairi upungue ili kipenyo chote kisibadilike. Kwenye 195/65R15, 195 ni upana wa tairi kwa milimita, 65 ni ubavu kama asilimia ya upana huo, na 15 ni inchi za rimu. Hesabu ni hii: inchi za rimu mara 25.4, ongeza ubavu mara mbili. Tairi la 195/65R15 lina kipenyo cha milimita 634.5. La 205/55R16 lina 631.9, pungufu kwa asilimia 0.4 tu, yaani zinalingana vizuri. La 215/45R17 lina 625.3, pungufu kwa asilimia 1.4. Kwa Axio inayovaa 175/65R15, kipenyo ni 608.5, 185/60R15 ni 603, na 205/50R16 ni 611.4 ingawa upana huo unahitaji nafasi ya kupimwa kwanza. Usivuke asilimia 2 juu au chini. Tairi likikua kwa asilimia 2, spidomita ikisoma 100 wewe unakwenda 102, na breki zina kazi zaidi.

Sasa tazama ubavu wenyewe. Tairi la 195/65R15 lina milimita 127 za mpira kati ya rimu na barabara. La 205/55R16 lina 113. La 215/45R17 lina 97. Milimita hizo 30 zinazopotea ndizo zingeliokoa gari kwenye shimo lenye ukingo mkali, lile lililojificha chini ya maji ya mvua. Anayepita Muhoroni na Chemelil, au njia za Mumias zinazochakazwa na matrekta ya miwa, asiingie inchi 17 kwenye gari dogo. Rimu itapinda, na gari la kukuvuta litagharimu zaidi ya tofauti ya urembo. Inchi 15 ndizo zinazofaa zaidi huku. Kumi na sita zinavumilika kwa anayeishi kwenye lami.

Upana wa tairi uendane na rimu. 175/65R15 hukaa kwenye rimu ya inchi 5 hadi 6, 195/65R15 kwenye 5.5 hadi 7, na 205/55R16 kwenye 5.5 hadi 7.5. Tairi jembamba likinyooshwa kwenye rimu pana huacha ukingo wa rimu uchi, na shimo la kwanza linagonga aloi moja kwa moja.

Wenye Impreza na Legacy za AWD (zinazovutwa na magurudumu yote manne) wawe wakali zaidi: matairi yote manne yawe ya saizi moja na yaliyochakaa sawa, mzingo usipishane zaidi ya milimita 6 hivi. Ukipishana, mitambo ya katikati inayogawa nguvu kati ya mbele na nyuma hufanya kazi bila kupumzika na huharibika.

Hatua ya 7: Kagua rimu iliyotumika

Omba maji, sabuni na brashi. Muuzaji akikataa rimu ioshwe, ondoka. Matope na vumbi la breki huficha nyufa.

Anza na upande wa ndani. Ukingo wa ndani hauna spoki za kuushikilia, kwa hiyo ndio unaopinda na kupasuka kwanza, na ndio usioonekana gari likiegeshwa. Pitisha kidole mzunguko mzima. Kisha mwambie fundi aiweke kwenye mashine ya balansi bila tairi na aizungushe. Weka msumari juu ya tofali karibu na sehemu tairi linapokaa, utazame pengo likifunguka na kufunga. Likicheza zaidi ya milimita moja, rimu imepinda.

Kwa ufa unaoushuku kuna njia ya zamani isiyohitaji mashine. Paka mafuta ya taa mahali hapo, subiri kama robo saa, futa kwa kitambaa hadi pakauke kabisa, kisha nyunyiza unga wa chaki. Mafuta yaliyoingia kwenye ufa hupanda na kuchora mstari mweusi juu ya chaki. Mstari ukitokea kwenye spoki au karibu na matundu ya stadi, usiinunue kwa bei yoyote.

Weldingi hutambulika kwa uvimbe kama mshono, au rangi mpya nene sehemu moja tu. Aloi ya rimu hupikwa kiwandani ili iwe ngumu, na joto la weldingi hulegeza ugumu huo pembeni mwa mshono. Kwa hiyo rimu iliyochomelewa hupasuka tena jirani na pale pa kwanza.

Tazama pia matundu ya stadi. Yakiwa na umbo la yai badala ya duara, rimu iliwahi kutembea na nati zilizolegea. Soma mgongo wa rimu zote nne, kila moja: seti zinazouzwa pamoja si lazima zitoke gari moja, na si ajabu kukuta mbili za ET45 na mbili za ET38 zenye sura ile ile.

Tafuta maandishi JWL, kiwango cha Japani cha rimu za aloi, na VIA, inayoonyesha kwamba aina hiyo ilipimwa na taasisi huru. Nakala za bei ya chini huyaiga, kwa hiyo yachukue kama dalili moja kati ya nyingi. Tafuta na uzito unaobebwa, kama MAX LOAD 560 KG. Gari dogo lenye uzito wa tani 1.6 likijaa linahitaji wastani wa kilo 400 kwa kila gurudumu, ila uzito haugawanyiki sawa na mashimo huuongeza, kwa hiyo usishuke chini ya 500.

Hatua ya 8: Jaribu ikiwa uchi

Kabla tairi halijavalishwa, patana na muuzaji uiweke rimu tupu kwenye gari, mbele na nyuma. Rimu ikishavalishwa tairi na kukwaruzwa na mashine, kuirudisha ni ugomvi.

Bandika vibonge vidogo vya unga uliokandwa, kama wa chapati, kwenye sehemu za kalipa zinazochomoza zaidi. Funga rimu kwa nati, kaza kwa mkono wa kadiri, kisha izungushe taratibu mzunguko mmoja. Ivue utazame unga ulivyobonyea. Unene uliobaki ukiwa chini ya milimita 3, iache rimu hiyo, maana hata kipande cha risasi ya balansi, kile kizito kidogo cha kusawazisha gurudumu, kitagonga kalipa. Risasi za kubandika ndani zina unene wake.

Hatua ya 9: Kufunga

Sugua uso wa habu kwa brashi ya waya hadi chuma safi. Kutu iliyobaki upande mmoja hulaza rimu, na mtetemo wake hauondoki kwa balansi yoyote. Kama rimu zimepakwa rangi upya, kwangua rangi kwenye viti vya nati na kwenye uso wa habu. Rangi nene hubonyea baadaye na kuacha nati huru. Usipake grisi kwenye uzi wa stadi, kwani nati iliyolainishwa hukazwa kupita kiasi bila mkono kuhisi.

Badilisha valvu za mpira pamoja na tairi. Kwenye balansi, sisitiza rimu ishikwe kwa koni inayoingia tundu la katikati.

Ingiza nati zote kwa vidole, kisha kaza kwa mtindo wa nyota, ukivuka upande wa pili kila mara. Shusha gari ndipo umalizie. Toyota ndogo nyingi zenye M12x1.5 zinataka nyuton-mita 103, na bolti za M14 za Volkswagen 120. Kama hakuna toki spana (spana inayopima nguvu ya kukaza), mpini wa sentimita 40 ukivutwa mwishoni kwa nguvu ya kilo 26 hutoa hizo 103, karibu uzito wa nusu mfuko wa simiti wa kilo 50. Kusimama kwa mguu juu ya spana ni kuvuta stadi kupita kipimo chake, na bunduki ya upepo iachwe kwa kufungulia tu.

Paka chaki ndani ya madigadi na kwenye ubavu wa shoki, jaza watu gari, pita matuta machache na kata usukani hadi mwisho pande zote mbili ukirudi nyuma. Chaki ikifutika mahali, hapo ndipo pa kushughulikia.

Kaza tena nati baada ya kilomita 50 hadi 100. Ukitoka Kisumu asubuhi, Kakamega ni mahali pazuri pa kusimama na spana. Aloi na rangi huwa zimeshatulia, na si jambo la ajabu kukuta nati moja au mbili zimepoteza mkazo.

Kisha ifikirie spea kabla hujaihitaji. Ile nyembamba ya muda hutakiwa upepo wa psi 60 na mwendo usiozidi kilomita 80 kwa saa, na rimu yake ni ya chuma, nyembamba kuliko za aloi. Jaribu kuifunga nyumbani kwa nati zako mpya. Kwenye Volkswagen, bolti ndefu ulizonunua kwa ajili ya aloi zinaweza kupitiliza na kugusa breki kwa ndani. Nati au bolti zako za zamani zitie kwenye mfuko mdogo ufungwe pamoja na jeki, na kama nati mpya zinahitaji ufunguo wake maalumu, ufunguo huo ukae kwenye mfuko huo huo.